Mahindi ya Kukoboa na Pilipili Mbichi: Historia ya Chungu Kimoja Magharibi ya Ziwa Tanganyika

1. Utangulizi

Historia ya Kirungu imezoeleka kuandikwa kama historia ya majengo na ya watu mashuhuri. Msomaji anayechunguza habari za pwani ya magharibi ya Ziwa Tanganyika hukutana kwanza na Émile Storms, askari wa Kibelgiji aliyeanzisha kituo cha Mpala mwaka 1883. Kisha hukutana na Mapadre Weupe waliokabidhiwa kituo hicho mwaka 1885, na Kapteni Léopold Joubert aliyefika mwaka 1887 ili kuwalinda. Halafu huja Victor Roelens, ambaye mwaka 1893 alianzisha misioni ya Kirungu na kuiita Baudouinville, kwa kumbukumbu ya mwanamfalme Baudouin wa Ubelgiji aliyefariki mwaka 1891. Mwisho huja Stefano Kaoze, aliyepewa upadre hapo mwaka 1917 na kuwa padre wa kwanza Mkongo wa zama hizi. Jina la Baudouinville liliachwa baada ya uhuru. Leo Kirungu imo katika eneo la Moba, kusini ya Kalemie, katika Mkoa wa Tanganyika uliotengwa na Katanga mwaka 2015. Jina lake limedumu pia katika jina la Jimbo Katoliki la Kalemie-Kirungu.

Habari zote hizo zina umuhimu wake. Hata hivyo, watu hao wote walikula. Watoto waliokombolewa utumwani walilishwa. Wajenzi wa kanisa walilishwa. Wanafunzi wa seminari walilishwa. Ni nani aliyewapikia, na ujuzi wa kupika aliupata wapi? Maandishi ya wasafiri na ya wamisionari hayakuwa na haja kubwa ya kulijibu swali hilo, kwa kuwa kazi ya jikoni ilihesabiwa kuwa jambo la kila siku lisilostahili kuandikwa.

Makala hii inachunguza chakula kimoja cha eneo hilo na majirani zake: mahindi yaliyokobolewa kinuni, yakachemshwa mpaka yakatoa uji mzito, na yakakolezwa kwa pilipili mbichi. Tanzania bara chakula cha jamii hii huitwa kande au makande, hasa kinapochanganywa na maharage. Kamusi za Kiswahili hukitaja pia kwa jina la pure. Wakamba wa Kenya huyaita mahindi yao ya kukoboa muthokoi. Kwa kuwa waliopika hawakuandika, tutatumia lugha yenyewe kama hifadhi ya kumbukumbu. Hoja yetu ni kwamba mbegu na majina vililetwa na wafanyabiashara, lakini ujuzi ulikuwa wa wanawake wa huku, nao ulikuwa mkongwe kuliko mahindi. Aidha, tutaonyesha kwamba kuuvunja ujuzi huo kumekuwa na gharama ya afya na hata ya uhai.

2. Majina na njia za safari

Mahindi asili yake ni Marekani ya Kati. Yalivuka bahari baada ya safari za Columbus, na Wareno ndio waliochangia sana kuyasambaza katika pwani za Afrika katika karne ya 16 na ya 17. Kila pwani iliyapa jina kulingana na bahari yake. Katika nchi ya Kongo, upande wa Atlantiki, kitabu cha Pigafetta kilichochapishwa mwaka 1591 kutokana na masimulizi ya Duarte Lopes kinaeleza kwamba nafaka hiyo iliitwa nafaka ya Ureno. Upande wa Bahari ya Hindi, Waswahili waliita muhindi na mahindi, yaani kitu cha Uhindi. Mbegu ni ile ile, lakini wa magharibi aliiona imeshuka katika merikebu ya Mreno, na wa mashariki aliihusisha na ng'ambo aliyoizoea, kulikotoka nguo na shanga.

Jambo hili lina maana maalumu kwa Kirungu. Ziwa Tanganyika liko katikati ya bara, mahali ambapo njia za biashara za magharibi na za mashariki zilikaribiana. Wabemba, ambao lugha yao ina uhusiano wa karibu na ile ya Watabwa wanaokaa Marungu na kandokando ya ziwa, wana neno lao amataba, lisilotaja Uhindi wala Ureno. Lakini Kiswahili cha Katanga na cha upande wote wa magharibi ya ziwa kinasema mahindi. Neno hili lilivuka ziwa pamoja na misafara ya karne ya 19, ile iliyofuata njia ya Bagamoyo, Tabora na Ujiji. Burton alipofika Ujiji mwaka 1858 alilikuta zao hilo miongoni mwa mazao ya nchi za bara. Kwa hiyo jina mahindi likisikika Kirungu halithibitishi kwamba mbegu ililetwa na misafara hiyo. Linathibitisha kwamba lugha ya soko ilikuwa Kiswahili. Mtafiti wa historia hana budi kutenganisha njia ya neno na njia ya kitu.

Pilipili inatoa fundisho hilo hilo kwa namna nyingine. Neno hili ni la kale kuliko mmea tunaouita hivyo leo. Lina uhusiano na filfil ya Kiarabu, na asili yake ya mbali ni pippali ya Kisanskriti. Maneno hayo yalihusu viungo vya Asia. Pilipili zetu za kijani na nyekundu nazo zimetoka Marekani. Zilipofika pwani zilikuta jina tayari, zikalitwaa. Ile ya zamani ikabidi iongezewe sifa ili isichanganywe na mgeni, ikawa pilipili manga, yaani ya Uarabuni. Mgeni akawa mwenyeji, na mwenyeji akaitwa kwa jina la ugenini. Toka pwani, neno hili limeingia katika lugha nyingi za Kongo, na Wabelgiji wenyewe walilichukua katika Kifaransa chao.

Tukiendelea kuchungulia chunguni tutaona kwamba maharage ya kawaida na karanga pia ni mimea ya Marekani. Vilivyo vya Afrika ni kunde, njugu mawe, na mawese. Je, tuseme basi kwamba chakula hiki ni cha kigeni? Tukihesabu mbegu peke yake, jibu litakuwa ndiyo. Tukitazama namna ya kukipika, jibu linageuka.

3. Kinu kilitangulia mahindi

Kabla ya mahindi, nafaka za nchi hizi zilikuwa mtama, uwele na ulezi. Nafaka hizo zilitwangwa. Msamiati wa kazi hiyo ni wa Kibantu. Kitenzi twanga kina ndugu yake katika Kibemba, ukutwa, na mchi wa Kiswahili una ndugu yake umwinshi. Kukoboa, kupepeta, kupeta, pumba, wishwa, chenga: kila hatua ya kazi ina jina lake, na kila kinachobaki kina jina na matumizi yake. Lugha haiwi na utajiri wa namna hii katika jambo iliyolijua jana. Mahindi yalipofika yalikuta kinu, mchi na ungo vikiwa tayari, pamoja na mikono iliyozoea kuvitumia. Nafaka ikawa ngeni, kazi ikabaki ya zamani.

Katika nchi yake ya asili, mahindi yaliandaliwa kwa njia nyingine. Watu wa Meksiko huyachemsha kwa maji ya chokaa, na jamii nyingine za Marekani hutumia majivu, mpaka ganda la juu livuke. Wameksiko huita mahindi hayo nixtamal, kutokana na maneno ya Kinahuatl yenye maana ya majivu na ya unga uliokandwa. Njia hiyo haimenyi ganda tu. Hufungua pia niasini, aina ya vitamini ambayo katika mahindi makavu imefungwa kiasi kwamba mwili hauwezi kuipata vizuri. Mbegu ilivuka bahari. Ujuzi huu haukuvuka, si kwenda Ulaya wala kuja Afrika.

Isidhaniwe, hata hivyo, kwamba wapishi wa huku hawakujua nguvu ya majivu. Tanzania bara magadi hutiwa chunguni ili kulainisha maharage na kande, na katika nchi za Zambia na Malawi maji yaliyochujwa kwenye majivu hutumika kupikia mboga za majani. Lakini kiasi kinachotiwa ni kidogo na nia yake ni kulainisha. Kazi ya kutoa ganda la hindi iliachiwa kinu. Kinu huondoa ganda lakini hakifungui niasini. Basi ilikuwaje waliokula mahindi hayo wasidhurike? Jibu limo katika upishi wenyewe.

4. Upishi

Mahindi makavu hunyunyiziwa maji kidogo ili ganda lilegee bila kiini kupasuka. Hutiwa kinuni na kutwangwa kwa mapigo ya wastani. Mpigaji mwenye haraka huyavunja yakawa chenga, na mpigaji mvivu huacha ganda. Yakisha kukobolewa hupepetwa kwa ungo, pumba zikatengwa kwa ajili ya kuku na mifugo. Kisha huloweshwa, aghalabu usiku kucha, na asubuhi hutelekwa.

Hapo ndipo subira inapohitajika. Mahindi ya kukoboa huchemka kwa saa kadhaa, yakiongezewa maji ya moto kila yanapokaribia kukauka. Maharage au kunde hutiwa kwa kufuata ugumu wake, ili vyote viive pamoja. Polepole punje hufura, hupasuka na kutoa wanga wake, na maji yaliyokuwa mepesi huwa mazito kama uji wa maziwa. Uzito huo huongezwa kulingana na nchi. Pwani, penye minazi, hutiwa tui. Bara, na katika nchi za kandokando ya ziwa ambako nazi si zao la kawaida, kazi ya tui hufanywa na karanga zilizotwangwa au na mawese. Mpishi hukoroga kwa mwiko kutoka chini, maana chakula cha namna hii hushika chungu upesi kinapoanza kuwa kizito.

Pilipili mbichi huja mwisho. Wako wanaoziweka nzima juu ya chakula na kufunika, ili zitoe harufu bila kupasuka. Mwenye kutaka ukali ataiponda yake katika sahani. Wako wanaozikatakata na kuzichanganya wakati chungu kinaepuliwa. Desturi hii ina hekima yake. Pilipili mbichi ina vitamini C nyingi, kiasi kwamba Albert Szent-Györgyi, mwanasayansi wa Hungaria aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1937, aliipata vitamini hiyo kwa wingi kutoka katika pilipili za mji wa Szeged. Lakini vitamini C huharibika kwa moto wa muda mrefu. Pilipili inayotiwa mwisho huokoa sehemu kubwa zaidi ya faida yake kuliko ile iliyochemshwa tangu asubuhi.

Hali kadhalika maharage na karanga havikutiwa kwa ajili ya ladha tu. Protini ya mahindi ni pungufu. Kile inachokosa hupatikana kwa wingi zaidi katika jamii ya kunde, na karanga zina niasini nyingi. Ongeza dagaa wa ziwani, ambao Warundi huwaita ndagala na Wazambia huwaita kapenta, na mlo unakuwa umekamilika. Kwa maneno mengine, kile ambacho Wameksiko walikipata kwa chokaa, wapishi wa huku walikipata kwa kuchanganya. Hawakuwa na neno niasini, lakini walijua kwamba mahindi matupu si chakula.

5. Posho: kutoka kibaba hadi gunia

Neno posho linatusaidia kuona jinsi mlo huu ulivyoanza kuvunjika. Katika misafara ya karne ya 19 posho ilikuwa chakula cha mpagazi, au nguo na shanga za kununulia chakula hicho, na kipimo kilichojulikana cha nafaka kilikuwa kibaba kimoja kwa mtu kwa siku. Nafaka ilitolewa nzima, na kila kambi ilijipikia kwa njia yake.

Ukoloni ulibadili kipimo na kilichopimwa. Reli kutoka Kabalo ilifika Kalemie, wakati huo Albertville, mwaka 1915, na ng'ambo ya ziwa reli ya Dar es Salaam ilikuwa imekwisha kufika Kigoma mwaka 1914. Nafaka ikawa shehena. Mwaka 1917 serikali ya Kibelgiji iliweka sheria ya kilimo cha lazima, na muda wa wanawake shambani ukaanza kugawanywa baina ya chakula cha nyumbani na mazao ya serikali. Huko kusini, kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga ilianza katika miaka ya 1920 kuwatuliza wafanyakazi pamoja na familia zao karibu na migodi, na kuwalisha kwa posho. Posho hiyo kwa kiasi kikubwa ilikuwa unga wa mahindi. Unga hupimika kwa urahisi, na ugali, au bukari kama wanavyosema Katanga, huiva kwa dakika chache. Huko Uganda neno lenyewe limehamia chunguni: posho leo ni ugali wa mahindi. Jina la mgawo limekuwa jina la mlo. Ni vigumu kupata ushahidi ulio wazi zaidi wa jinsi mamlaka ya mgawaji inavyoweza kuingia jikoni.

Tusiwe wepesi, hata hivyo, wa kulaumu mashine ya kusaga. Kutwanga ni kazi nzito, na waliotwanga walikuwa wanawake na wasichana. Mama aliyepelekea mahindi yake mashine alipata saa kadhaa za siku yake, na pengine binti yake akapata nafasi ya kwenda shule. Aidha, chungu cha mahindi ya kukoboa hula kuni nyingi kuliko sufuria ya bukari. Wanaosifu upishi wa zamani bila kutaja mabega yaliyoubeba hawasemi ukweli wote. Kilicholeta madhara ni kwamba mgawo ulitoa unga peke yake na kuuhesabu kuwa chakula kamili.

6. Gharama ya mahindi matupu

Ugonjwa unaowapata wanaoishi kwa mahindi bila vitu vya kuyasaidia huitwa pelagra. Huchoma ngozi mahali panapopigwa na jua, huleta kuharisha, na mwishowe huvuruga akili na kuua. Daktari Gaspar Casal aliueleza huko Asturias, Hispania, mwaka 1735, baada ya mahindi kuwa chakula cha maskini. Marekani ya kusini iliuona kwa wingi mwanzoni mwa karne ya 20, na Joseph Goldberger alionyesha kuanzia mwaka 1914 kwamba haukuwa ugonjwa wa kuambukiza bali wa mlo. Mwaka 1937 Conrad Elvehjem aligundua kwamba dawa yake ni niasini.

Pamoja na elimu hiyo yote, ugonjwa ulirudi karibu na kwetu. Wakimbizi wa Msumbiji waliokuwa Malawi walilishwa kwa mgawo wa mahindi, na niasini yao ilitegemea sana karanga zilizokuwa katika mgawo huo. Karanga zilipokosekana mwaka 1989, pelagra ilizuka, na katika mwaka 1990 peke yake wagonjwa wapatao 18,000 waliorodheshwa. Waliokuwa na bustani zao au karanga zao waliokoka zaidi. Yaani penye chungu cha mchanganyiko ugonjwa ulipungua. Penye gunia la mahindi peke yake ulistawi.

Kirungu na Kalemie haziko mbali na habari hizi. Vita vilivyoanza mwaka 1998 viliwakimbiza watu wengi wa Moba na Pweto hadi Zambia, katika makambi ya Mwange na Kala, wakaishi kwa mgawo kwa miaka mingi. Kuanzia mwaka 2007 walirudishwa kwa meli kutoka Mpulungu hadi Moba. Kuanzia mwaka 2016 mapigano baina ya Wabatwa na Waluba yaliwafukuza maelfu ya watu vijijini mwao, na wengi wao walijenga vibanda kuzunguka mji wa Kalemie. Aliyefukuzwa kijijini huacha shamba la karanga, hukosa kinu, na hana kuni za kuchemshia chungu kwa saa nne. Hupokea kile anachopimiwa. Kwa mtu huyo, swali la nini kinaandamana na mahindi ni swali la uhai.

7. Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha mambo matatu. Kwanza, majina ya mahindi na pilipili ni kumbukumbu za njia za biashara, wala si vyeti vya kuzaliwa vya mimea hiyo. Pili, mahindi ya kukoboa hayakuletwa na misioni wala na misafara: mbegu ilikuwa ngeni, lakini kinu, vitenzi vyake na kanuni ya kuchanganya nafaka na kunde vilikuwapo. Tatu, kanuni hiyo ilikuwa elimu kamili, na kila ilipopuuzwa na wenye kugawa posho, waliolipa ni walaji.

Kwa wanafunzi wetu wa Kiswahili na wa historia kuna kazi ya kufanya hapa. Msamiati wa kinu, wa ungo na wa chungu unapungua kila mashine mpya inapofunguliwa, na wanaoujua kwa ukamilifu ni wazee. Ni vema ukusanywe Moba, Kalemie, Kigoma na Rukwa kwa wakati mmoja, ukilinganisha pande mbili za ziwa. Na kila neno liandikwe pamoja na kazi inayolihusu: maji ya kunyunyizia ni kiasi gani, mapigo ni mangapi kabla ya kupepeta, kunde hutiwa lini, na pilipili hutiwa wakati gani. Waliojenga Kirungu kwa matofali wamekwisha kuandikwa. Waliowalisha wajenzi hao bado wanasubiri zamu yao, na njia ya kuwafikia inapita katika maneno waliyotuachia.